Nusu ya Mshahara: Habari za Mtumishi Aliyesimamishwa Kazi

Somo la Redio kwa Madarasa ya Watu Wazima

(Mwalimu wa darasa: kabla ya somo, andika ubaoni maneno haya: mtumishi, tuhuma, kusimamishwa, nusu, rufaa. Wanafunzi wayasome kwa sauti mara mbili.)

  Natumaini mmekwisha kutoka mashambani, na sasa mmekaa kitako, daftari na kalamu ziko tayari.

Leo tutasoma historia. Lakini si historia ya vita, wala si historia ya wafalme. Ni historia ya jambo dogo ambalo mara nyingi hulisikia mtu siku limpatapo yeye au jirani yake. Jambo lenyewe ni hili: mtumishi wa umma akituhumiwa kwa kosa, akaambiwa akae nyumbani mpaka shauri lake liishe, je, hulipwa mshahara au halipwi? Akilipwa, hulipwa kiasi gani? Na desturi hiyo ilitoka wapi?

Pengine mzee mmoja hapo nyuma anasema moyoni, "Mimi ni mkulima wa pamba, mambo ya mishahara yananihusu nini?" Baba, yanakuhusu. Mtendaji wa kijiji chako ni mtumishi wa umma. Mwalimu wa wajukuu zako ni mtumishi wa umma. Muuguzi aliyempokea binti yako siku ya kujifungua ni mtumishi wa umma. Huenda mwanao mwenyewe ni karani Bariadi au Mwanza, naye ndiye akuleteaye fedha ya mbegu. Tena mshahara wao wote hutoka katika kodi, nawe ni mmoja wa walipao kodi hiyo. Kwa hiyo una sababu mbili za kusikiliza: ni watu wako, na fedha ni yako.

Kwanza nitawaeleza niliyoyaona kwa macho yangu. Katika wilaya moja niliyofanya kazi, mwalimu mmoja alituhumiwa kuhusu fedha za shule. Akapewa barua ya kumsimamisha kazi. Siku ya pili watu wakaanza kusema, "Amefukuzwa." Mwenye duka akakataa kumkopesha unga. Watoto wake wakadhihakiwa na wenzao njiani. Mwezi ulipokwisha, mkewe alikwenda kuulizia mshahara, akakuta umeingia nusu tu, naye hakujua kwa nini. Wengine wakasema hata hiyo nusu ni kosa, asingepewa kitu. Wengine wakasema nusu iliyobaki imeliwa na mkubwa fulani. Katika watu wote wale, hakuna hata mmoja aliyekuwa ameisoma barua yenyewe mpaka mwisho. Nami nilijifunza kwamba kutojua kanuni kunaweza kumwumiza mtu kabla kosa lake halijajulikana kuwa ni kweli au ni uongo.

Basi tuanze habari yetu tangu mwanzo.

Zamani, katika nchi ya Uingereza, ilikuwa kanuni ya sheria kwamba mtumishi wa Serikali hufanya kazi kwa ridhaa ya Mfalme. Maana yake, Mfalme akiridhika naye atabaki kazini. Asiporidhika, anaweza kumwondoa. Lakini dola ya Waingereza ilipokuwa kubwa, na maofisa wao wakatawanyika katika makoloni mengi, ilionekana kwamba haifai kila gavana amwondoe mtu kwa hasira zake. Kwa hiyo zikatungwa kanuni kule London za kuongoza utumishi katika makoloni yote. Ndani ya kanuni hizo ndimo lilimo jambo letu.

Kanuni zilisema hivi kwa ufupi. Ofisa akituhumiwa kwa kosa kubwa linaloweza kumfukuzisha kazi, na ikiwa si vizuri aendelee kukaa ofisini huku shauri lake likichunguzwa, anaweza kuzuiwa kufanya kazi. Katika siku hizo za kungoja, atalipwa sehemu ya mshahara wake isiyopungua nusu. Akionekana hana hatia, atarudishiwa sehemu yote iliyozuiwa. Lakini akitiwa hatiani na mahakama kwa kosa la jinai, hapati mshahara tena tangu siku ya hukumu, mpaka Serikali iamue habari ya kazi yake.

Angalieni vizuri, ndugu zangu, kwamba hapa pana hali mbili mbalimbali. Ya kwanza ni ya mtu anayetuhumiwa, ambaye bado hajahukumiwa. Ya pili ni ya mtu ambaye mahakama imekwisha kumtia hatiani. Kiingereza kina neno lake kwa kila hali, lakini sisi katika Kiswahili mara nyingi tunasema "kusimamishwa kazi" kwa zote mbili. Ndiyo maana watu hubishana kilabuni mpaka usiku, mmoja anasema hulipwa, mwingine anasema halipwi, na huenda wote wawili wamesikia jambo la kweli.

Waingereza walipoishika nchi yetu baada ya Vita Kuu ya Kwanza, na kuiita Tanganyika mwaka 1920, walikuja na kanuni hizo. Makarani na walimu Waafrika wa Serikali wakaingia chini ya taratibu za namna hiyo, ingawa mishahara yao ilikuwa midogo sana kuliko ya Wazungu. Haukupita muda mrefu wakaona faida ya kusema kwa sauti moja. Mwaka 1922, kule Tanga, Martin Kayamba na wenzake waliunda chama cha watumishi Waafrika wa Serikali. Kilikuwa moja ya vyama vya kwanza vya Waafrika wasomi katika nchi hii. Makarani wale walifahamu kwamba maandishi yanayomfunga karani yanaweza pia kumlinda, ikiwa anayajua.

Je, hapa kwetu Usukumani ilikuwaje? Wakati huo Ntuzu ilikuwa katika Wilaya ya Maswa. Waingereza walitawala kwa njia ya watemi, na sheria ya mwaka 1926 iliwapa watemi na mabaraza yao madaraka ya Serikali za wenyeji. Makarani wa baraza na matarishi wa mtemi walilipwa na hazina ya wenyeji, hawakulipwa na Serikali kuu. Kwa hiyo hawakuhesabiwa pamoja na watumishi wa Serikali kuu, wala kinga zao hazikuwa zilezile. Mwaka 1946 tawala za Usukumani ziliungana katika shirikisho moja lililokuwa na makao yake Malya. Watumishi wa Serikali za wenyeji wakaongezeka, lakini bado walikuwa upande wao.

Uhuru ulipatikana tarehe 9 Desemba 1961. Mwaka 1962 ikatungwa sheria ya utumishi wa Serikali ya Tanganyika, na walimu nao wakatungiwa sheria yao ya kuwaunganisha katika utumishi mmoja. Mwaka 1963 utawala wa watemi ukafutwa. Mwaka 1964 ikatungwa sheria ya kulinda ajira, iliyowazuia waajiri wasimfukuze mfanyakazi ovyo pasipo kufuata utaratibu wa makosa na adhabu. Wazee wetu walioajiriwa katika viwanda vya kuchambulia pamba wanaikumbuka sheria ile, maana ilileta kamati za wafanyakazi kazini.

Walakini kanuni ya nusu mshahara kwa mtumishi anayetuhumiwa haikuondoka na Waingereza. Ilibaki kwetu, na ilibaki kwa jirani zetu wa Kenya na Uganda vilevile. Kwa nini nchi zilizojitawala ziliishika kanuni iliyotungwa na wageni? Hapana budi tufikiri kidogo.

(Mwalimu wa darasa: punguza sauti ya redio. Uliza darasa: "Kama ninyi ndio Serikali, mngemlipa mtu anayetuhumiwa mshahara wote, nusu, au msingemlipa kitu?" Sikilizeni majibu kwa dakika tano, kisha ongezeni sauti.)

Karibuni tena. Bila shaka mmekwisha kuona ugumu wake.

Mkisema alipwe yote, mlipa kodi atauliza, "Mtu amekaa nyumbani, hafanyi kazi, tena huenda ni mwizi wa fedha zetu, mbona analipwa sawasawa na anayeamka alfajiri?" Mkisema asilipwe kitu, mtakuwa mmemwadhibu kabla ya kumhukumu. Mtu asiye na mshahara atakula nini? Atapangaje nyumba? Atawezaje kutafuta mashahidi na kujitetea? Anaweza hata kukiri kosa asilolifanya, mradi shauri liishe. Dalili ya mvua ni mawingu, lakini mkulima wa Simiyu anajua kuliko mtu yeyote kwamba si kila wingu huleta mvua. Tuhuma ni wingu. Hukumu ndiyo mvua.

Basi nusu ilikuwa njia ya katikati. Haisemi kwamba mtu ana hatia, wala haisemi kwamba hana. Inasema: tungoje.

Katiba ya nchi yetu nayo inatusaidia hapa. Mwaka 1984 iliingizwa ndani yake sehemu ya haki za binadamu. Ibara ya 13 inakataza mtu aliyeshtakiwa kwa kosa la jinai asitendewe kana kwamba ni mkosaji kabla kosa halijathibitika. Ibara hiyohiyo inampa mtu haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu, na haki ya kukata rufaa. Kwa hiyo ile barua ya kumsimamisha mtu kazi si hukumu. Ni mlango wa kuingilia katika shauri.

Sasa tuje katika sheria za siku hizi. Mwaka 2002 Bunge lilitunga Sheria ya Utumishi wa Umma, Namba 8. Kanuni zake zilitoka mwaka 2003, na kanuni mpya zikatolewa mwaka 2022. Sheria hiyo iliwakusanya pamoja watumishi wa Serikali kuu na wa halmashauri, hata ule mpaka wa zamani baina ya karani wa Serikali na karani wa baraza ukaondoka. Walimu walitungiwa sheria ya Tume yao ya Utumishi wa Walimu mwaka 2015.

Kanuni za mwaka 2003 ziliishika desturi ileile ya zamani. Mamlaka ya nidhamu, yaani yule mwenye uwezo wa kumwadhibu mtumishi, anaweza kumsimamisha kazi ikiwa manufaa ya umma yanataka hivyo, na ikiwa shauri lililofunguliwa linaweza kumfukuzisha kazi, au ikiwa ana kesi ya jinai. Akisimamishwa hivyo hulipwa mshahara usiopungua nusu. Kisha shauri huweza kwisha kwa njia tatu. Tuzipigie hesabu. Chukueni kalamu.

Tuseme yuko mwalimu, mshahara wake ni shilingi 600,000 kwa mwezi. Ili hesabu iwe nyepesi, tuyaache makato yote. Amesimamishwa kazi kwa miezi 8, akilipwa nusu. Kila mwezi anapata shilingi 300,000, na shilingi 300,000 nyingine zinazuiwa. Zidisheni 300,000 kwa 8. Jibu ni shilingi 2,400,000. Hizo ndizo fedha zilizozuiwa.

Njia ya kwanza: uchunguzi umekwisha, mwalimu hakufukuzwa wala hakupewa adhabu yoyote. Hapo anarudishiwa shilingi 2,400,000 zote. Si zawadi, wala si hisani ya mkubwa. Ni haki yake.

Njia ya pili: ameonekana ana kosa, lakini kosa lenyewe si la kufukuzwa, akapewa adhabu nyingine. Hapo mamlaka ya nidhamu ndiyo inayoamua ni sehemu gani ya zile fedha atakayorudishiwa. Inaweza kuwa kubwa, inaweza kuwa ndogo.

Njia ya tatu: amefukuzwa kazi. Zile shilingi 2,400,000 hazirudi kwake.

Mnaona sasa kwa nini yule mke wa mwalimu alihangaika? Ile nusu iliyozuiwa haikuliwa na mtu. Ilikuwa inangoja, kama mumewe alivyokuwa anangoja.

Lakini mtu wa kungoja naye ana wajibu. Aliyesimamishwa kazi bado ni mtumishi. Hawezi kuondoka kituo chake cha kazi pasipo ruhusa, kwa maana akiitwa mbele ya kamati ya uchunguzi lazima apatikane. Anastahili kupewa mashtaka yake kwa maandishi na kupewa nafasi ya kujibu. Naye ajibu kwa maandishi, kwa adabu, katika siku alizopewa, na abaki na nakala. Asiporidhika na uamuzi, ana njia ya rufaa. Watumishi wengi hukata rufaa mbele ya Tume ya Utumishi wa Umma, na baada ya hapo kwa Rais. Kanuni za mwaka 2003 zilitoa siku 45 za kukata rufaa tangu siku ya kupokea uamuzi. Tangu sheria iliporekebishwa mwaka 2016, mtumishi wa umma hana budi kuzimaliza njia hizi kwanza, kabla ya kukimbilia njia za sheria za kazi. Kwa hiyo mtumishi ajuaye kusoma tarehe juu ya barua amekwisha kupata nusu ya utetezi wake.

Hapa nataka kuwapa habari moja ya mbali, maana inafundisha. Katika mji wa Brighton, Uingereza, alikuwako mkuu wa polisi jina lake Charles Ridge. Mwaka 1957 alikamatwa kwa mashtaka ya kula njama za rushwa, akasimamishwa kazi. Mwaka 1958 mahakama ikamwachilia, ingawa jaji alimlaumu kwa namna alivyoongoza polisi wake. Kamati ya mji iliposikia lawama hizo ikamfukuza kazi mara moja, bila ya kumwita wala kumpa mashtaka. Naye angepoteza pensheni yake ya miaka mingi. Ridge hakukubali. Alishindwa katika mahakama mbili, akaendelea. Mwaka 1963, mahakama ya juu kabisa ya nchi ile kwa wakati huo, yaani Baraza la Malodi, ikasema kwamba kufukuzwa kwake hakukuwa na nguvu ya sheria, kwa sababu hakusikilizwa. Angalieni, majaji hawakusema kwamba Ridge alikuwa mtu mwema. Walisema tu kwamba hata mtu anayelaumiwa lazima asikilizwe kabla ya kunyang'anywa riziki yake. Hukumu ile imetajwa mara nyingi sana katika mahakama za nchi zilizofuata sheria ya Kiingereza.

Kabla sijamaliza, liko jambo moja ambalo bado lina ubishi, nami sitawaficha. Mwaka 2004 ilitungwa Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini, na mwaka 2007 zikatoka kanuni za utendaji bora chini yake. Kanuni hizo zinasema kwamba mwajiri anaweza kumsimamisha kazi mfanyakazi huku tuhuma nzito zikichunguzwa, lakini kwa malipo kamili. Basi tuseme walimu wawili wametuhumiwa kwa kosa la namna moja. Mmoja ni wa shule ya mtu binafsi, mwingine ni wa shule ya Serikali. Wa kwanza anangoja kwa mshahara mzima. Wa pili anangoja kwa nusu. Wote wawili bado hawajahukumiwa, na wote wawili wana watoto.

Wako wanaosema ni haki, kwa sababu fedha ya umma ni amana na lazima ilindwe zaidi. Wako wanaosema si haki, kwa sababu njaa haijui mwajiri. Mimi kwa maoni yangu, ubaya mkubwa hauko katika nusu, bali uko katika kukawia. Nusu ya mwezi mmoja mtu ataistahimili. Nusu ya miaka miwili humfilisi, hata kama mwisho wake atarudishiwa yote, maana ng'ombe aliyekwisha kuuzwa kwa shida harudi zizini. Nayo hazina ya umma hupata hasara vilevile: hulipa nusu kwa kazi isiyofanyika, na huenda ikalipa iliyobaki baadaye. Shauri likienda upesi, mwenye hatia huondoka mapema, asiye na hatia hurudi darasani mapema, na wanafunzi hawakosi mwalimu. Hiyo ndiyo faida yenu ninyi wazazi.

Basi, ndugu zangu, siku mkisikia kwamba mtendaji au mwalimu wenu amesimamishwa kazi, msiseme "amefukuzwa." Semeni "anachunguzwa." Mwenye ushahidi aupeleke panapohusika, wala asiogope. Asiye na ushahidi aufunge mdomo wake, na amsalimu jirani yake kama alivyomsalimu jana. Na kama barua hiyo itakuja nyumbani kwako mwenyewe, usiiweke chini ya godoro kwa aibu. Isome mpaka mwisho, au mwombe mwenzako wa darasa hili akusomee. Ndiyo sababu tunajifunza kusoma.

Somo letu limekwisha. Kwaherini, tulale salama.

MANENO MAPYA

Tuhuma: kudhaniwa kwamba umefanya kosa, kabla halijathibitika.
Mamlaka ya nidhamu: mtu au chombo chenye uwezo wa kumwadhibu mtumishi.
Rufaa: kuomba aliye juu zaidi aupitie uamuzi uliotolewa.
Amana: kitu ulichokabidhiwa ukitunze, si chako.

MASWALI YA DARASA

1. Kuna tofauti gani baina ya mtu aliyesimamishwa kazi na mtu aliyefukuzwa kazi?
2. Muuguzi ana mshahara wa shilingi 500,000 kwa mwezi. Amesimamishwa kazi kwa miezi 6 akilipwa nusu. Fedha zilizozuiwa ni kiasi gani? Akionekana hana hatia atarudishiwa kiasi gani?
3. Kwa nini majaji wa Uingereza walimpa ushindi Charles Ridge, ingawa alilaumiwa?
4. Zungumzeni: je, mtumishi wa umma anayetuhumiwa alipwe nusu au alipwe yote? Kila mmoja aandike sababu yake moja kwa sentensi mbili, kisha aisome mbele ya wenzake.